Padres bila kebo

Hapa San Diego, kabla ya 2023, mechi nyingi za Padres, timu yetu ya besiboli, kwenye TV zilikuwa za wenye kebo au dishi. Ukilipia huduma ya ligi ya besiboli mtandaoni unaona timu za mbali, ila ya mjini kwako imefungiwa. Upuuzi mtupu! Tukabaki na redio, shemeji akichora uwanja kwenye karatasi ili nielewe nani yuko besi ya pili.

Machi 2023 kampuni yenye chaneli iliyoonyesha mechi hizo ikafilisika na kukimbilia mahakamani. Mei 31 ligi yenyewe ikashika matangazo, dola 19.99 kwa mwezi, bila kufungiwa. Sasa tunatazama kwenye simu iliyoegemezwa chupa ya chai. Picha huchelewa, redio hutangulia, kwa hiyo shemeji hushangilia kabla mpira haujarushwa. Nimemwomba aizime redio. Hataki.