Siku ya Tisa Bila Kusema

Jumapili, 10 Agosti 2025

Leo siku ya tisa sijatamka neno. Zimebaki tano. Nje tuktuk zinapiga honi tangu jioni kwa sababu tumeifunga Morocco 1-0, na mimi niko juu hapa Kibokoni, Mombasa, na daftari la hesabu la binti yangu, naandika nyuma ya kurasa za kugawanya.

Daktari wa koo alinipitisha mrija mwembamba wenye kamera puani hadi huko chini, akanigeuzia skrini nijionee: nyuzi mbili nyeupe za sauti zinazofunguka na kufumba, na kwenye ukingo wa kila mmoja kinundu, vinatazamana kama majirani waliogombana. Akaniuliza kazi yangu. Nikamwambia natangaza mpira kwenye televisheni. Hakushangaa, akaandika tu. Wiki mbili nisiseme kabisa, nisijikohoze kusafisha koo, pilipili niiache, maji ninywe mengi. Nikamuuliza kwa kunong'ona kama kunong'ona kunaruhusiwa. Akasema huko nako kunaweza kuziumiza nyuzi, kwa hivyo hata hilo swali nimelipa kwa koo.

Mke wangu anasema nyumba haijapata kutulia hivi tangu tuoane. Akilisema hilo hacheki.

Kibaya ni tarehe. CHAN, kombe la Afrika la wachezaji wa ligi za nyumbani, imeanza tarehe 2, mara ya kwanza nchi tatu kuiandaa pamoja, sisi Kenya na Tanzania na Uganda, na nilikuwa nimeshaitwa Nairobi kwa mechi za uwanja wa Kasarani. Shati jipya bado lina pini zake. Mwenzangu mdogo, niliyemfundisha mwenyewe, ndiye aliyekaa kwenye kiti changu leo. Nitamrudia.

Kwanza Baba.

Televisheni yetu ya kwanza ilikuwa ya mbao, ina vijilango viwili, Baba aliinunua kwa baharia siku zile akifanya kazi bandarini. Mpira ukionyeshwa alizungusha kidude cha sauti mpaka kikagoma, kisha akawasha redio. Picha ya huku, maneno ya kule. Nilikuwa na miaka sita mwaka 1987, Gor Mahia ya Nairobi walipochukua Kombe la Mandela, lile la Afrika la washindi wa vikombe, mbele ya Espérance ya Tunisia: sare 2-2 Tunis, sare 1-1 Kasarani, kombe likaja kwa mabao ya ugenini. Baba ni mtu wa Feisal mpaka kaburini, timu ya Mombasa iliyokuwa bingwa wa Kenya 1965, naye huieleza kana kwamba ni juzi baada ya alasiri. Siku ile lakini alikuwa Gor. Nakumbuka wanaume kama kumi chumbani, skrini kimya, na redio inapiga kelele juu ya kabati la vyombo.

Nilimuuliza nilipokuwa mkubwa kidogo kwa nini hataki kumsikia mtu wa televisheni. "Huyo aniambia niliyoyaona," akasema. "Macho ninayo."

Na redio kwake ni mtu mmoja, Leonard Mambo Mbotela, mtoto wa Freretown, ng'ambo tu ya daraja la Nyali. Ukimtajia mtangazaji mwingine atakusikiliza kwa adabu halafu arudi palepale kwa Mbotela. Mpira wake. Kipindi chake cha ungwana kilichoanza 1966. Na ile asubuhi ya 1 Agosti 1982, wanajeshi walipomtoa nyumbani kumpeleka Sauti ya Kenya, redio ya serikali, atangaze kwamba serikali imepinduliwa. Baba hulieleza jambo hilo kama sehemu ya ufundi: "Bunduki zimemzunguka, na maneno yatoka yamepangika." Mbotela alipofariki Februari mwaka huu, na miaka yake 84, Baba aliizima redio kutwa nzima. Sijapata kumwona akifanya hivyo kwa mwingine.

Sasa mtoto wa mtu huyo ndiye akaenda akawa mtangazaji wa televisheni.

Niliingilia mlango wa nyuma. Machi 2007 mbio za nyika za dunia zilipokuja Mombasa, pale uwanja wa gofu unaotazama bahari, nilipata kibarua cha kuvuta waya. Kazi yenyewe ni kutembea nyuma ya mtu wa kamera, unakunja na kukunjua, usije ukamwangusha. Joto la siku ile watu wa hapa tunalijua, lile la Machi kabla ya mvua, shati linagandamana na mgongo saa mbili asubuhi. Wageni walikuwa hawalijui. Kenenisa Bekele wa Ethiopia alikuwa ameshinda mbio ndefu na fupi zote mbili kila mwaka tangu 2002 mpaka 2006. Mzunguko wa mwisho yuko mbele, yeye na Zersenay Tadese wa Eritrea, na ghafla mwili ukakataa. Akatoka njiani. Umati ukalipuka kwa furaha, na sisemi kwa fahari, mimi pia nilipiga kelele na waya mkononi.

Wakati wa kufungasha nilipita karibu na meza ya watangazaji. Mmoja wao, mzee wa pwani hii hii tuliyekuwa tukimwita Mwalimu, alikuwa akigombana na mwelekezi wa matangazo. Mwelekezi alitaka kujua kwa nini alinyamaza Bekele alipoacha. Mwalimu alimjibu, "Mtu amevunjika mbele ya macho ya watu, na watu wanapiga kelele. Mimi niongeze nini?" Nikaganda na waya wangu. Tadese alishinda, Mosop wetu akawa wa pili, na mimi yote hayo nikayasoma gazetini kesho yake, maana pale akilini lilibaki lile jibu tu.

Mwalimu ndiye aliyenifundisha, kwa miaka, bila malipo, kando ya kikombe cha kahawa chungu. Mengi ni mambo madogo. Maji ya vuguvugu, kamwe si ya barafu. Karatasi ya majina uiandike mwenyewe kwa mkono, maana mkono hukumbuka jina kabla ya mdomo. Muulize mchezaji mwenyewe jina lake linavyotamkwa, usimuulize kocha. Kubwa lilikuwa hili: usiutazame uwanja. Tazama kijiskrini kilicho mbele yako, kwa sababu mtu wa nyumbani anaona hicho tu. Ukisifu mbio za winga ambaye kamera haikumwonyesha, mtu wa nyumbani anahisi kaibiwa. Kwa mtu aliyekaa juu pale, upepo wa bahari unampiga na uwanja mzima uko wazi chini yake, hilo ni gumu kuliko linavyosikika. Na huku sikioni mwelekezi anahesabu kumi, tisa, nane, nawe unaendelea kuzungumza kana kwamba hakuna anayekuhesabia.

Mechi yangu ya kwanza ilikuwa uwanja wa Mbaraki, timu ya Bandari ikiwa nyumbani. Mama, Mungu amrehemu, alijaza majirani na kaimati. Niliporudi usiku nikamuuliza Baba nimefanyaje.

"Sijui," akasema. "Nilikuwa na redio."

Nilikasirika mwezi mzima. Lakini ukweli ni kwamba siku zile nilikuwa natangaza kiredio. Fulani anampa fulani, fulani anageuka, anatazama, anapiga. Kila kitu ambacho mtu anakiona. Nilidhani nikinyamaza sekunde tatu nitafukuzwa kazi. Ndiyo maana siku moja, mvua inanyesha na kijiskrini kimejaa matone, niliona wavu unatikisika nikapiga goooli mpaka pumzi ikaisha. Ulikuwa wavu wa pembeni, kwa nje. Golikipa keshauweka mpira chini kwa mkwaju wa lango na mimi bado niko kwenye herufi o. Mwembe Tayari makondakta waliniita Wavu wa Pembeni kwa misimu miwili. Kuna mmoja bado ananiita hivyo, na nauli hanipunguzii.

Ya katikati nitayapita haraka. Nilipata misimu mizuri. Mwaka 2017 kampuni iliyokuwa ikionyesha ligi yetu ilifungasha virago, na tuliokuwa tukilipwa kwa mechi tukabaki na majina makubwa na mifuko mitupu. Nikawa mshereheshaji wa harusi. Watu hawaamini, lakini harusi ya Kiswahili ni kazi ngumu kuliko fainali: huna karatasi ya majina, na ukikosea mpangilio wa mashangazi hakuna kipindi cha pili. Nafikiri ni huko kwenye spika mbovu vinundu vilikoanza, ingawa daktari hakuniuliza nami sikumwambia.

Sasa leo.

Baba ana mtoto wa jicho macho yote mawili. Upasuaji uko mwezi ujao. Kwa sasa anaona mwanga, na kivuli kikipita. Ungedhani atawasha redio yake basi. Lakini mchezo wake wa zamani umekufa. Picha ya king'amuzi inapanda angani na kushuka, inachelewa nyuma ya redio sekunde kadhaa, kwa hivyo redio inapiga goli wakati kwenye skrini mpira bado uko katikati. Wajukuu waliipiga marufuku sebuleni. Inawaharibia.

Basi kwa mara ya kwanza maishani mwake Baba aliongeza sauti ya televisheni. Na yule mwenzangu mdogo, Mungu ambariki, alitangaza vizuri sana. Jina, kimya. Jina, kimya, acha uwanja usikike. Vilevile nilivyomfundisha.

"Mbona huyu hasemi mpira uko wapi?" Baba akasema. "Kalala?"

Nilitazama sakafu.

"Wewe. Kazi yako hii. Niambie."

Nikajionyesha kooni kwa kidole, kisha nikakumbuka haoni kidole.

Binti yangu ana miaka tisa. Alisogea akakaa kwenye mkono wa kiti cha babu yake. "Mpira uko huku, Babu."

"Huku wapi?"

Akafikiri. "Upande wa kabati."

"Twashambulia kabati ama dirisha?"

"Kabati."

"Haya," Baba akasema, akaegemea nyuma. "Endelea."

Akaendelea. Hakujua nani beki nani kiungo. Alisema mpira umetoka kwa yule mwenye soksi zimeshuka, umeenda kwa mwingine, umerudi, wamenyang'anywa, wale wanakimbia dirishani, refa kakasirika. Dakika ya 42 Ryan Ogam alifunga, na binti yangu hakusema jina wala mguu, alisema "Kabatini! Babu, kabatini!" na Baba akaipiga meza vikombe vikaruka. Haukupita muda tukapewa kadi nyekundu. "Yetu," akasema kwa sauti ndogo, na Baba akaelewa bila kuuliza.

Kipindi cha pili timu zikabadilishana pande, akamweleza: sasa sisi dirisha, wao kabati. Watu kumi kwa kumi na mmoja, dakika zote zile. Mwenzangu kwenye televisheni alikuwa amenyamaza kabisa na hakuna aliyemsikia kunyamaza. Kila mara binti yangu akisema "huyu" na "yule" kidole changu kilikuwa kinacheza. Kama dakika ya 80 nikashindwa. Nikaandika kwenye daftari kwa herufi kubwa, MTAJIE JINA LA MWENYE MPIRA, nikamwekea mbele ya uso.

Akalisoma, akalisukuma kando.

"Baba, nyamaza," akasema, macho kwenye skrini. "Babu, wanakuja. Wengi. Wanakuja kabatini."