Feni linatosha

Maneno mawili tu, na leo siku ya nne yananizunguka kichwani kama hilo feni lenyewe.

Ile sini ya filamu, ya mama anayekunja nguo za marehemu, mnaikumbuka, ile niliyoilalia wiki mbili nikiitungia muziki nikawachosha nayo hapa. Dakika mbili na sekunde kumi, kanuni na udi basi, vile vinanda vya nyuzi vya taarabu, mzee wa kanuni nikamtoa Unguja na nyuzi zake 78 akaja kupiga sebuleni kwetu, watoto tumewafungia chumbani wasikohoe. Nikatuma. Jumanne dairekta kapiga simu, nikajua leo nasifiwa.

"Kaka, kazi nzuri, asante sana. Ila pale kwenye nguo nimeitoa."

"Umeitoa yote?"

"Yote. Lile feni linalosikika kwenye sini, feni linatosha."

Nikasema sawa. Sawa! Mtu katupa dakika mbili zangu halafu mimi namuuliza watoto hawajambo. Majibu yenyewe yalinijia baadaye kwenye daladala, nimebanwa mlangoni. Ningemwambia hata dairekta Hitchcock aliitaka ile sini ya bafuni kwenye filamu ya Psycho, 1960 hiyo, iwe bila muziki, mtunzi wake Herrmann akauandika hata hivyo, na Hitchcock aliposikia akageuza kauli. Sema Herrmann alikuwa Herrmann, mimi bado nadai nusu ya laki sita.

Tumehamia Mbagala Alhamisi na shemeji kajifungua salama, alhamdulillah. Feni linatosha.

Sasa jana usiku nimeweka laptop juu ya boksi la vyombo, nikaifungua ile sini kwa hasira tu, nione hilo feni lina nini. Nikavaa hedifoni. Jamani, feni linaimba! Umeme wetu unapiga mara 50 kwa sekunde, mota inanguruma mara 100, na sisi kanuni tuliifunga kwenye noti ya G, ambayo pale chini ni mara 98. Linapita juu kidogo tu, kiasi cha kukera. Kumbe ndo ule mkwaruzo niliousingizia maikrofoni siku zote, na dairekta muziki hajui hata chembe ila sikio lake limekataa. Nikacheka peke yangu saa nane ya usiku, majirani wapya sijui wamenielewaje.

Nikaipandisha rekodi yote kama theluthi ya nusu-toni ilingane na feni, udi nikautoa (mpiga udi asisome hapa), nikabakiza kanuni sekunde 40 za mwisho, inaingia taratibu mpaka unadhani ni feni ndo limepata huzuni. Tamu! Sijamtumia bado, nawaza niandike nini juu yake au nitume hivi hivi bila neno.

Halafu binti kameza jino. Lile la mbele lililokuwa linacheza, limeenda na chapati asubuhi, sasa analia hana cha kurusha juu ya bati. Bibi yake anasema litatoka tu, mbaya zaidi aliyeteuliwa kulichungulia ni mimi.