Jirani niliyemjua kwa timu yake tu

Nilihamia Dodoma mwaka 2019, wizara yetu ilipohamishiwa Mji wa Serikali, Mtumba. Mke wangu na watoto walibaki Dar es Salaam kwa ajili ya kazi yake na shule. Nikapanga Ipagala, ua mmoja na mwanaume mwenzangu aliyeletwa na uhamisho uleule. Miaka miwili salamu yetu ilikuwa hii: "Mkuu, mambo?" "Poa kaka. Jana mmetufunga, ila mzunguko wa pili mtatukoma." Yeye Yanga, mimi Simba.

Mwezi Julai mmoja mama mwenye nyumba akaniuliza kama nimeshampa jirani yangu pole. Pole ya nini? Kumbe alifiwa na mama yake mwezi uliopita, akaenda Singida kuzika, akarudi, na tangu arudi tulishaongea mpira mara mbili. Iliniuma sana. Nilijua penalti gani ilimnyima usingizi, sikujua kama ana mama.

Jumamosi nikamchukua mnadani Msalato. Tulikaa uso kwa uso, sahani ya nyama katikati, nikamuuliza, "Kaka, msiba umeuchukuliaje?" Akasema, "Tumeshapoa," akashika simu. Tukala kimya. Mwanaume anayejikaza ukimkodolea macho unambana zaidi, nami nilikuwa sijalijua hilo.

Tukitoka, tukatembea kuelekea barabarani, upepo unatupiga vumbi, kila mtu anatazama mbele. Hapo nikaanza na langu. Nilimweleza kwamba mwanangu wa miaka minne alipokea simu yangu akamwita mama yake: "Mama, yule mjomba wa Dodoma anapiga." Sikuwa nimemwambia mtu yeyote. Sauti ikanikwama.

Hakusema kitu. Alinishika mkono, akaendelea kutembea nao, kama baba zetu walivyokuwa wakitembea na rafiki zao na hakuna aliyeshangaa. Sisi wa ofisini tumezoea kugonga ngumi na kuachia. Nilitaka kuuchomoa, watu wanatuona. Nikauacha.

Kituoni ndipo aliposema, "Mama aliniuliza nitakwenda lini kumwona. Nikamwambia, bajeti ikishapita."

Nikamuuliza mama alikuwa anaitwa nani. Akanitajia, akaanza kunisimulia, daladala mbili zikatupita.

Sasa Jumamosi jioni tunatembea. Na taa yake isipowaka siku mbili, nagonga mlango, mechi iwepo isiwepo.