Mkia Uko Wapi?

Daftari lile ninalo hadi leo. Ukurasa wa kwanza umekatwakatwa kwa kalamu, lakini mstari wa juu bado unasomeka, tena kwa mwandiko wa mtu aliyejiamini kupita kiasi: "Bata 23."

Ilikuwa Januari, mwezi wa kuhesabu ndege wa maji. Hesabu hiyo hufanyika kila mwaka katika nchi nyingi, tangu 1967, na hutegemea sana watu wa kujitolea. Mimi nilikuwa mmoja wao, mara yangu ya kwanza. Usiku ule sikulala vizuri kwa kukariri kitabu cha picha: huyu mdomo wa bluu, huyu jicho jekundu, huyu shavu jeupe. Rangi zote nilizijua.

Nilipangwa pamoja na mzee mmoja mwembamba ambaye alikuwa ameifanya kazi hiyo kwa miaka mingi.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Jua litakuwa usoni mwetu mpaka saa mbili na nusu," akajibu, kana kwamba huo ndio mwendelezo wa salamu.

Nilimwelewa tulipofika ukingoni. Bwawa lote lilikuwa linametameta, na kila kilichoelea juu yake kilikuwa kivuli cheusi. Kitabu changu kikakosa kazi papo hapo. Lakini kuhesabu nilijua, kwa hiyo nikahesabu vivuli, nikaandika.

Mzee akachungulia daftari. Hakucheka, na afadhali angecheka.

"Yule pale kwenye matete. Mkia wake uko wapi?"

Nikamwelekezea darubini. Kilikuwa kindege kidogo, cha mviringo, nyuma kumetutumka kama pamba iliyochambuliwa. Mkia sikuuona.

"Hana mkia, Mzee."

"Bata gani huyo?"

Kabla sijapata uongo wa kujibu, kile kindege kilijirusha kidogo mbele na kutoweka. Nikaanza kuhesabu moyoni. Nilipofika kumi na nane kikaibuka, si pale nilipokuwa nimekodoa macho, bali mbali kushoto. Safari hii kiligeuka ubavu, nikauona mdomo: mfupi, umechongoka, si bapa hata kidogo. Kibisi.

Mzee alimpenda kibisi, nadhani kuliko ndege wote wa pale. Akaniambia miguu yake imepachikwa nyuma kabisa ya mwili, kama rafadha ya boti, ndiyo maana nchi kavu hutembea kwa taabu. Tena vidole vyake havikuunganishwa kwa utando kama vya bata. Kila kidole kina kipande chake cha ngozi, kama kasia. Akaongeza kwamba kibisi hula manyoya yake mwenyewe, na vifaranga wake huwalisha hayohayo. Nikadhani ananipima kama mimi ni mjinga wa kumeza lolote. Baadaye nilisoma mwenyewe. Ni kweli tupu.

Kutoka hapo bata wangu walianza kupukutika mmoja mmoja. Watatu niliowasifu kwa shingo ndefu walikuwa mnandi: wameelea chini mno, maji yakikaribia kuwapita mgongoni, na midomo wameinua juu kidogo kama watu wenye maringo. Mmoja akapanda kisiki, akatandaza mabawa na kutulia hivyo. Manyoya yake hulowa kuliko ya bata, na hilo humsaidia kuzama; gharama yake ni kuanikwa juani kama nguo. Wengine wanne walikuwa kukuziwa, ambao hutikisa kichwa kila wanapopiga kasia. Wakizamia huruka kwanza, na huibuka ghafla kama kizibo kilichoachiwa. Ningeweza kuwatambua kwa kile kipaji cheupe, laiti ningekuwa na mwanga.

Aliyenitia aibu zaidi alikuwa mmoja niliyemwandika kwa sababu niliona shingo yake. Shingo tu. Mwili wote ulikuwa chini ya maji, na juu imebaki shingo nyembamba iliyojipinda kama nyoka anayechungulia. Ndege huyo huitwa mbizi, jina lilelile la kitendo anachokifanya. Mtu anayezungumza Kiswahili tangu utotoni hakuwa na kisingizio.

Bado bata halisi nao tulikuwa hatujawamaliza. Wapo wanaokula kwa kuinamisha kichwa majini na kuacha makalio yakitazama mbingu, na wapo wanaozama mzimamzima. Nikamuuliza Mzee tutawatenganishaje wakiwa wamelala tu juu ya maji. Akasema tusubiri.

Tulichokisubiri kilikuja chenyewe. Kipanga alipita chini juu ya matete na bwawa zima likashtuka. Bata sita walichomoka moja kwa moja kwenda juu, kama waliovutwa kwa kamba. Wengine walikimbia. Walikimbia juu ya maji, miguu ikichapa pa-pa-pa-pa, wakiacha msururu wa madoa meupe nyuma yao, ndipo wakanyanyuka.

"Umewaona?" Mzee akauliza. Kibisi yeye hakuruka wala kukimbia. Alizama tu.

Wale wakimbiaji waliporudi kutua, nikapewa niwahesabu. Saba. Nikarudia: kumi. Nikarudia: sita. Kila nilipofika mwisho wa kundi, wa mwanzo walikuwa wameshazama, na waliokuwa chini wameibuka katikati ya niliokwisha kuwahesabu. Mzee aliniacha nihangaike mara tano, kisha akasema nichukue idadi kubwa kuliko zote, yaani kumi na moja, na nisiongeze hata mmoja kwa huruma.

Saa tatu kasoro jua likapanda, rangi zikaanza kujitokeza. Yule dume akapata jicho lake jekundu, jike akapata ule mstari mweupe unaoshuka kama hilali nyuma ya jicho. Nikawatazama kama mtu anayeoneshwa picha ya watu aliokwisha kula nao.

Alibaki mmoja, upande wa mbali, aliyekuwa peke yake tangu kipanga apite. Kichwa amekifutika mgongoni, mwili unazunguka polepole kwa upepo. Tulimngoja karibu dakika arobaini.

"Mkia anao," nikasema.

"Basi andika: bata mmoja, hajatambuliwa."

"Hata wewe humjui, Mzee?"

"Hajaamka," akasema, akakunja miguu ya darubini yake.