Nimerudi Kerimäki, nikaambiwa Kerimäki haipo

Ninyi mliokulia Kerimäki, mashariki mwa Finland, miaka ile, safari hii mnaijua. Basi linatoka mji wa Savonlinna, misonobari huku na huku, kilomita ishirini na kitu, halafu paa la kanisa linachomoza juu ya miti kabla hujaona nyumba ya mtu. Wiki tatu zilizopita nimepita njia hiyo baada ya miaka 13 kwenye viwanda vya samaki Norway. Paa likachomoza kama zamani. Nililia, na sioni haya kulisema.

Kesho yake nikaenda kuandikisha anwani yangu. Dada wa dirishani, mpole kabisa, akaniuliza kwetu ni wapi. Nikamjibu Kerimäki. Akaandika Savonlinna. Nikarudia polepole nikidhani Kifini changu kimeharibika: Ke-ri-mä-ki. Akanigeuzia kompyuta nijionee mwenyewe. Pale penye kotikunta, manispaa ya nyumbani, ambayo kila mkazi wa nchi hii huandikiwa, jina letu halimo. Akasema, "Hiyo kunta haipo tena." Alikuwa binti mdogo, nadhani kunta ilipofutwa alikuwa bado shule ya msingi.

Habari yenyewe nilikuwa nayo. Niliondoka Agosti 2012, na tarehe 1 Januari 2013 Kerimäki na Punkaharju zikaunganishwa na Savonlinna. Mama alinipigia simu nikiwa zamu ya usiku, mikono imekufa ganzi kwa barafu, nikamwambia "sawa Mama," nikarudi kazini. Lakini kusikia si kuona. Miaka yote hiyo nilipoulizwa kwetu nilitaja Uvira, Kongo, nilikozaliwa na Kerimäki nilikolelewa, na sasa ya pili imefutwa kwenye karatasi.

Asiyeishi huko atasema ni ofisi tu, wamebadilisha kibao. Hapana. Kunta ndiyo iliyokuwa inatupa chakula cha mchana shuleni bila kutudai senti. Ndiyo iliyokuwa inaondoa theluji barabarani alfajiri ili Mama awahi zamu yake ya kutunza wazee. Maktaba ilikuwa ya kunta, na uwanja wa barafu pia. Na waliokuwa wanaamua ulikuwa unakutana nao dukani, ukiwa na neno unawaambia wakiwa wameshika mkate. Leo maamuzi yako mjini. Afya nayo, tangu 2023, imeondolewa kwenye karibu kunta zote za nchi na kukabidhiwa mikoa ya ustawi. Mwaka 2006 Finland ilikuwa na kunta 431, leo zimebaki 308. Watoto ni wachache, vijana wanahamia kusini, wazee wanahitaji uangalizi, kodi haitoshi. Serikali ikatoa ruzuku kwa kunta zitakazokubali kuungana. Sababu nazielewa zote, na bado zinaniuma.

Zinaniuma zaidi kwa sababu na sisi tumo humo. Mama yuko Vantaa. Dada zangu wako Helsinki na Turku. Mimi nilikuwa Norway. Familia moja, watu watano, tuliokuwa tunasherehekewa darasani kwamba shule imepata watoto. Tuliondoka kama walivyoondoka wenyeji miaka ya 1960 na 1970, walipokwenda kwa maelfu kufanya kazi kwenye viwanda vya Sweden.

Nilikwenda kusimama mbele ya kanisa. Limejengwa kuanzia 1844 hadi 1847, Finland ikiwa chini ya mfalme wa Urusi, kwa mchoro wa Anders Fredrik Granstedt: mbao tupu, urefu mita 45, upana 42, linaketisha watu zaidi ya 3,000, na waliosimama wakihesabiwa wanafika 5,000. Wageni huambiwa kwamba fundi alikosea vipimo, akachanganya inchi na sentimita. Msikubali hadithi hiyo. Vipimo vya mita vimeingia Finland miaka ya 1880, kanisa likiwa limeshazeeka. Lilijengwa kubwa makusudi, ili nusu ya parokia iweze kuketi kwa pamoja. Wakati kunta inafutwa tulikuwa watu elfu tano na kidogo. Maana yake Kerimäki nzima, toka mtoto wa mgongoni mpaka ajuza, ingeweza kuingia humo karibu yote ikafunga mlango. Nilisimama kwenye theluji nikiwaza hilo. Mlango ulikuwa umefungwa, maana kanisa kubwa halina joto na ibada za baridi hufanyiwa kwenye kanisa dogo la jirani.

Makaburini nikamtafuta mummo, bibi wa jirani yetu. Alikuwa mtoto wa Karelia, mmoja wa watu zaidi ya 400,000 waliohamishwa ardhi yao ilipokwenda kwa Warusi. Siku tulipohamia alikuja na sahani ya muikku, samaki wadogo wa ziwa Puruvesi, amewaviringisha kwenye unga wa shayiri nyeusi na kuwakaanga kwa siagi, mifupa laini unatafuna na kichwa. Mama alionja akanong'ona, "Ndagala!", yaani dagaa wa kwetu. Mummo hakuelewa neno, lakini alielewa uso. Tangu hapo kwake na kwetu waliitwa ndagala. Nikafuta theluji kwenye jiwe lake kwa mkono bila glavu.

Mnaopanga kurudi, sikilizeni. Msije Julai mkadhani kijiji kizima. Wale ni watu wa nyumba za likizo, Septemba wanafunga madirisha. Njooni na gari. Na kama kuna mzee uliyemuahidi utarudi kumsalimu, nenda mwaka huu. Mimi nilisema "mwakani" mara saba.

Puruvesi yenyewe haijabadilika. Maji ni meupe vile vile, na barafu ikishika wavuvi wanatoboa mashimo na kupitisha juya chini yake kama walivyofanya babu zao. Umoja wa Ulaya umelilinda jina la samaki huyo, Puruveden muikku, asiuzwe mwingine kwa jina hilo. Jina la samaki lina sheria ya kulilinda.

Jana nimemtumia Mama kifurushi cha muikku wa kopo. Posta haijabadilisha kitu. Nyuma yake, mahali pa mtumaji, nimeandika kwa herufi kubwa: 58200 KERIMÄKI.