Hukumu ya Ami

Jana asubuhi hukumu ya Ami ilisomwa, nasi tuliisikilizia nyumbani kwake Kibokoni, Mombasa, simu yangu imeegemezwa kwenye birika la kahawa. Nilikuwa nimemweleza mapema kwamba siku hizi hukumu nyingi husomwa mtandaoni, hakuna haja ya kwenda popote. Hata hivyo nilimkuta amevaa kanzu iliyopigwa pasi na kofia. "Kwa jaji hakuendwi na kikoi, mwanangu, hata akiwa ndani ya simu."

Ami alikuwa msoma mita wa shirika moja la umma kwa miaka kumi na tisa. Kila mwezi alipanda ngazi za watu na kufukuzwa na mbwa wa watu. Kisha mteja mmoja akalalamika kwamba alimpa pesa ili apunguze tarakimu. Barua ya kutakiwa kujieleza ilimfikia Alhamisi alasiri. Ijumaa asubuhi akaitwa mbele ya kamati ya nidhamu, watu watano mezani, yeye peke yake upande wa pili. Malalamiko yakasomwa harakaharaka kwa Kiingereza cha ofisini, na nakala hakupewa. Kiingereza cha Ami, mwenyewe husema, kinaishia kwenye tarakimu. Akawahi swala ya Ijumaa, na jioni barua ya kufutwa kazi ikawa mkononi.

Kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira ya 2007 nimekihifadhi sasa kama sura fupi. Kabla ya kumfuta mtu kwa utovu wa nidhamu, mwajiri amweleze sababu kwa lugha anayoifahamu, mbele ya mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama aliyemchagua mwenyewe, kisha awasikilize wote wawili. Ami hakuambiwa kwamba angeweza hata kwenda na mtu.

Kosa langu ni kwamba miaka yote hii nilidhani Mahakama ya Ajira itachunguza kama pesa zilipokelewa. Wakili alijaribu kunielewesha zaidi ya mara moja: jaji haketi kwenye kiti cha mwajiri. Anachopima ni kama palikuwa na sababu halali na kama utaratibu ulifuatwa. Na sababu yenyewe, kwa kifungu cha 43, ni mambo ambayo mwajiri aliamini kwa dhati kuwa yapo siku ile. Kuamini, jamani! Si lazima yawe kweli.

Mtandao ulikatika mara mbili. Jaji alisema shirika lilikuwa na msingi wa kumshuku mfanyakazi wake, lakini jinsi lilivyomsikiliza haikuwa haki, kwa hivyo kufutwa kwake hakukuwa halali. Alipwe notisi, na fidia ya mshahara wa miezi mitano. Sheria ingemruhusu jaji kufika hadi miezi kumi na miwili. Kurudishwa kazini haiwezekani, kwa kuwa mahakama ina mwisho wa miaka mitatu tangu mtu afutwe, na kesi hii, kwa kutajwa na kuahirishwa, iliuvuka mwaka jana.

Mkewe alipiga kigelegele. Wakili akapiga simu papo hapo: "Mzee, tumeshinda!"

"Kwa hivyo wamesema sikuiba?"

Wakili akarudia kwamba tumeshinda. Ami naye akarudia swali lake, kwa sauti ya chini zaidi, kisha akanirudishia simu.

Mchana majirani walikuja na mahamri na kumpa mkono. Aliwapokea vizuri, akacheka panapostahili kucheka. Walipoondoka akaniomba niichapishe hukumu yote na kumtafsiria kwa Kiswahili, neno kwa neno, kwa sababu anaamini mstari ule umo mahali fulani na jaji aliupita haraka mtandao ulipokatika.

Ni kurasa ishirini na mbili. Usiku huu nimetafsiri hadi ya tisa. Sijamwambia kwamba nimeshaisoma yote.