Chokhamela Mlangoni: Tafakari ya Ekadashi ya Ashadha

Ram Krishna Hari, ndugu zangu.

Juma hili Warkari, mahujaji wa Kihindu wanaomwabudu Vitthal, wanafika Pandharpur kwa Ekadashi, siku ya kumi na moja ya nusu ya mwezi, ambayo ni siku ya kufunga. Wametembea majuma matatu hivi, karibu kilomita 250, kutoka Alandi na Dehu jirani na mji wa Pune hadi ukingoni mwa mto Bhima, kusini mwa jimbo la Maharashtra. Ni watu laki kadhaa, wengi wao wakulima waliotupa mbegu ardhini, wakafunga mlango na kushika njia. Shingoni wana shanga za tulasi, mrehani mtakatifu, mikononi matoazi na bendera za rangi ya zafarani. Wanawake wamejitwika vyungu vyenye mche wa tulasi. Mbele yao zinakwenda machela zenye paduka za watakatifu, yaani viatu vinavyosimama badala ya miguu yao. Safari yenyewe ni ya kale kuliko machela: Narayan, mtoto wa mtakatifu Tukaram, ndiye aliyeanza kubeba paduka za baba yake kwa machela mwaka 1685. Mwaka 2020, ugonjwa wa korona ulipozuia watu kukusanyika, paduka zilipelekwa kwa basi, na waliozoea kutembea wakabaki majumbani wakiimba.

Anayewaita ni Vitthal, Bwana Krishna kwa sura yake ya Pandharpur, amesimama wima juu ya tofali, mikono kiunoni. Sababu mnaijua. Pundalik alikuwa akiwahudumia wazazi wake Bwana alipobisha hodi. Hakuiacha kazi. Alimtupia tofali asimame juu yake, akamwambia asubiri kidogo. Bwana akasubiri, na hadi leo hajaondoka.

Njiani watu huitana Mauli, yaani mama. Polisi anayeongoza magari ni Mauli, muuza chai ni Mauli, hata farasi wa mtakatifu Dnyaneshwar ambaye hapandwi na mtu, anapokimbia duara katikati ya umati, watu huchota vumbi la kwato zake na kulipaka kwenye paji la uso. Na wakikutana, Warkari huinamiana na kugusana miguu. Mzee humgusa kijana, Brahmin, mtu wa tabaka la makuhani, humgusa mkulima, kila mmoja akijaribu kumtangulia mwenzake kuinama. Hapa ndipo ningependa tukae juma hili, kwa sababu jambo hili ni zuri mno, na mambo mazuri mno yana namna ya kutulaza usingizi.

Watakatifu wa njia hii si watu wa enzi. Dnyaneshwar mwenyewe, aliyezaliwa mwaka 1275, alikuwa mtoto wa nyumba iliyotengwa. Baba yake alikuwa amekwisha kuwa sanyasi, mtawa aliyeiacha nyumba na dunia, kisha akarudi kwa mkewe kwa agizo la guru wake. Kwa kosa hilo Brahmin waliitupa nje familia nzima, na wana wakanyimwa uzi mtakatifu. Kijana huyo huyo, mwaka 1290, aliifafanua Gita, kitabu kitakatifu, kwa Kimarathi, lugha ya shambani na sokoni, ili asiyejua Sanskriti naye aisikie. Namdev alikuwa mshonaji, Gora mfinyanzi, Narhari sonara, Sena kinyozi. Savata alikuwa mtunza bustani, na aliimba kwamba vitunguu, figili na mboga zake zote ni Vithabai wake, yaani Vitthal aliye mama. Tukaram, katika karne ya 17, alikuwa mwenye duka kijijini Dehu, akafilisika wakati wa njaa kuu. Kanhopatra alizaliwa katika nyumba ya wacheza ngoma.

Na Chokhamela alikuwa Mahar.

Mahar walihesabiwa miongoni mwa wasioguswa, watu walioonekana najisi. Wao ndio walioondoa mizoga ya ng'ombe, wakalinda mipaka ya kijiji, wakatumwa kazi za kuta na barabara, na chakula chao kilikuwa makombo ya wengine. Chokhamela alimpenda Vitthal kwa moyo ambao si rahisi kuusimulia, na hakuruhusiwa kuvuka kizingiti cha hekalu lake. Alisimama nje. Nyimbo zake nyingi ni za mtu aliyesimama nje.

Yapo masimulizi kwamba usiku mmoja Vitthal alimshika mkono akamwingiza mwenyewe hadi chumba cha ndani kabisa. Makuhani wakakasirika, wakamfukuza hadi ng'ambo ya mto. Bwana akamfuata huko, akawa anakula naye. Siku moja mke wa Chokha, yaani Chokhamela, alipokuwa akiwaandalia, akamwaga mtindi kwenye vazi la Bwana, na Chokha akamwambia mgeni wake maneno ya utani juu ya vazi hilo. Kuhani mmoja aliyekuwa akipita hakumwona Bwana, alimsikia tu Mahar akizungumza kana kwamba Vitthal ni jamaa yake. Akamzaba kofi. Aliporudi hekaluni akakuta shavu la sanamu limevimba, na vazi la hariri lina mtindi.

Hadithi hii naipenda sana, na wengi wenu mmenisikia nikiisimulia. Lakini kila nikiisoma upya hunisumbua zaidi. Shavu la Bwana lilivimba, makuhani wakashangaa, wasimulizi wakalia machozi, na asubuhi yake mlango ulikuwa umefungwa vilevile. Tulimheshimu Chokhamela kwa kila njia isipokuwa ile moja aliyoiomba.

Mwaka 1338 alikuwa Mangalvedha akifanya kazi ya kujenga ukuta. Ukuta ukawaangukia vibarua, akafa pamoja nao. Inasimuliwa kwamba Namdev alikwenda kutafuta mifupa yake kwenye kifusi. Aliinua mfupa mmoja baada ya mwingine, akauweka sikioni, na ile iliyokuwa ikitoa jina la Vitthal ndiyo aliyoikusanya. Akaileta Pandharpur, akaizika mbele ya mlango mkuu. Nje. Hata mifupa iliyokuwa ikimwita Mungu haikuingia ndani.

Tusimsome Chokhamela peke yake, maana nyumba yake nzima ilitunga. Yeye mara nyingine alinyenyekea, akasema kuzaliwa hivi huenda ni malipo ya matendo ya maisha yaliyopita. Mara nyingine alibisha kwa upole: muwa umepinda, lakini maji yake hayakupinda, mto umejikunja, lakini maji yake hayakujikunja, Chokha naye kapinda, imani yake haikupinda, kwa nini mnadanganywa na rangi ya nje? Soyrabai, mkewe, alikwenda mbali zaidi. Mnasema mwili una unajisi, aliimba, lakini ni nani aliyezaliwa bila huo unajisi? Na mtoto wao, Karmamela, hakuwa na upole hata chembe. Alimgeukia Hari, yaani Bwana, akamwuliza kwa nini amewazaa hivi, wakala makombo maisha yao yote, na kama haoni haya.

Siku hizi tunapochagua nyimbo za satsang, mkutano wetu wa ibada, tunamchagua baba. Wimbo wa muwa ni mtamu, una mahadhi mazuri, na haumwudhi mtu. Sikumbuki lini mmoja wetu amependekeza tumsome Karmamela. Ila hao Warkari wa zamani, kwa makosa yao yote, hawakuutupa wimbo wa kijana huyu. Wameuhifadhi pamoja na wa wengine, lalamiko ndani ya ibada. Mtu akiniuliza bhakti, njia hii ya kumpenda Mungu kwa moyo, imeifanyia nini jamii ya Maharashtra, jambo la kwanza ningemwonyesha ni hilo: kwa karne nyingi iliweka kinywani mwa watu wa tabaka zote maneno ya mtu waliyemnyima mlango. Si dogo hilo. Wala halitoshi.

Halitoshi, na aliyelisema wazi alikuwa mwana wa Maharashtra mwenyewe, Irawati Karve, mtaalamu wa elimu ya jamii na binadamu, aliyetembea safari hii akaiandikia. Aliipenda, alisema ndipo alipoijua Maharashtra, kuwa ni nchi ya watu wanaokwenda Pandharpur. Lakini alikuta kwamba katika kundi lake, watu walioimba wimbo mmoja kutwa nzima walitengana jioni ilipofika saa ya kula. Brahmin huku, Wamaratha, tabaka la wakulima, kule. Wote wameoga, wote wameinamiana miguu asubuhi, wote ni Mauli, na jiko si moja. Jambo hilo lilimuumiza njia nzima. Nadhani aliona kilichowapita wahubiri wengi: kuinama hakumgharimu mtu kitu kikubwa, bali kula chakula kilichopikwa na mkono wa mwenzako kunagharimu.

Mlango wa Pandharpur ulifunguliwa mwezi Mei mwaka 1947, miezi mitatu kabla ya India kupata uhuru. Haukujifungua. Mwalimu mmoja, Pandurang Sadashiv Sane, ambaye watu humwita Sane Guruji, alizunguka Maharashtra kwa miezi kadhaa akihubiri kwamba hekalu lifunguliwe kwa wasioguswa. Kisha akaenda Pandharpur akaanza kufunga, akasema atakula mlango utakapofunguliwa. Alifunga siku kumi hivi, wakakubali. Kuanzia ukuta wa Mangalvedha hadi siku hiyo ni miaka 609.

Kwa wengi ilikuwa imechelewa. Bhimrao Ambedkar, mwanasheria na kiongozi wa wasioguswa, Mahar kama Chokhamela, mwaka 1948 alitoa kitabu chake kuhusu wasioguswa kiwe kumbukumbu ya watakatifu watatu, Nandanar, Ravidas na Chokhamela. Aliwaheshimu. Lakini hakukubali tena kusimama mlangoni, na Oktoba 1956, mjini Nagpur, aliingia dini ya Buddha pamoja na malaki ya watu. Mahar wengi walimfuata. Kwa hiyo leo machela zinapopita barabarani kwa shangwe, watoto wa ukoo wa Chokhamela walio wengi hawamo. Sina neno la kuwalaumu. Aliyesubiri nje miaka mia sita ana haki ya kwenda zake.

Mengine yamebadilika tangu hapo. Mapema mwaka 2014 Mahakama ya Juu kabisa ya India ilimaliza haki ya kurithi waliyokuwa nayo makuhani wa ukoo wa Badve katika hekalu hilo, na mwaka huohuo kamati ya hekalu ikaita maombi ya kazi ya kuhudumu kutoka kwa watu wa tabaka zote, wanawake kwa wanaume. Mwaka 2014, ndugu zangu, si zama za kale.

Sasa nije kwetu, na nitasema kwa ufupi kwa sababu kila mmoja anaijua nyumba yake. Wazee wetu waliovuka bahari kutoka Kutch na Gujarat hadi Unguja, Mombasa na Dar es Salaam walijenga kumbi kwa majina ya koo zao. Walohana wana wao, Wapatel wana wao, Wabhatia wana wao. Kumbi hizo zilisomesha watoto, zilipokea wageni walioshuka melini bila senti, zilizika na kuchoma maiti kwa heshima. Sizidharau. Lakini zipo harusi zilizovunjwa humo kwa sababu ya jina la ukoo, na bwana harusi na bibi harusi wote wawili wanaijua Hanuman Chalisa, utenzi wa kumsifu Hanuman, kwa moyo.

Na yupo Janabai. Janabai alikuwa mtumishi nyumbani kwa Namdev. Alifagia, alichota maji, alisaga nafaka usiku wengine wakiwa wamelala. Aliimba kwamba Vitthal huja kukaa naye kwenye jiwe la kusagia, akashika mpini, wakasaga pamoja. Katika vijiji vya Maharashtra wanawake walioamka alfajiri kusaga waliimba nyimbo za namna hiyo vizazi kwa vizazi, wakimwita Vitthal aje awasaidie. Majumbani mwetu huku yupo dada wa kazi. Anaosha vyombo vya puja, yaani ibada ya nyumbani, anaijua saa ya aarti, ibada ya taa, kuliko watoto wetu, na bhajan, nyimbo za ibada, mbili tatu anazifuata kutoka jikoni kwa sauti ya chini. Wapo pia ndugu zetu Waafrika waliovutwa na kirtan, kuimba kwetu kwa pamoja, wanaokuja kila juma. Swali la Karve linawahusu wote hao: jioni ikifika, wanakula wapi?

Kuhusu mfungo wenyewe, wenye sukari na wajawazito wasijilazimishe. Na wengine tukumbuke kwamba Wamarathi wana msemo wa kuwacheka wafungaji, kuwa Ekadashi ni siku ya kula mara mbili. Ukijaza sahani chenga za muhogo, karanga na viazi vitamu vilivyokaangwa kwa samli, huo ni mfungo wa jina.

Kusoma kwa juma hili: usiku wa Ekadashi tutaanza na muwa wa Chokhamela, kisha Soyrabai, kisha Karmamela wote, bila kuruka beti zile kali. Tutafunga na dua ya Dnyaneshwar inayoomba waovu wapoteze upotovu wao na viumbe vyote wawe marafiki. Asubuhi ya Dwadashi, siku inayofuata, tutafungua pamoja ukumbini, safu moja sakafuni. Kwa kuwa mpishi wa kawaida ni wa ukoo wetu, kamati imewaomba kina dada wawili wanaotufanyia kazi ukumbini wapike wao mwaka huu, kwa malipo ya mpishi, na kuhudumia tutafanya sisi. Wapo waliosema hawatakula. Sahani zao zitawekwa vilevile.